Hadithi fupi za Marekani ya leo: tuanzie wapi, na ni nani anayezitambua sauti mpya?

Msomaji wa Tudor

Wapenzi wa fasihi, habari za siku nyingi. Kikundi chetu cha usomaji hapa Mombasa kimeamua kwamba katika miezi ijayo tutasoma hadithi fupi za Marekani, na mimi ndiye niliyetwikwa jukumu la kuzichagua. Edgar Allan Poe, O. Henry na Hemingway wengi wetu tulishawasoma, wengine wakiwa shuleni na wengine kwa mapenzi yao tu, kwa hiyo safari hii tunawatafuta waandishi chipukizi, yaani wale ambao kitabu chao cha kwanza kimetoka mwaka 2015 au baada ya hapo.

Nimekwama katika mambo mawili. La kwanza ni wingi wa majina. Kila mwaka magazeti ya huko hutangaza orodha za waandishi wa kuangaliwa, na orodha hizo hazikubaliani. Mtu husifiwa leo kana kwamba fasihi imezaliwa upya, na mwaka unaofuata hatajwi tena. Ningependa kujua ni nani hasa anayemtambua mwandishi mpya huko Marekani kabla sisi hatujamsikia, na kama kuna njia ya kumfikia mwandishi huyo bila kusubiri matangazo ya wachapishaji. Vitabu vyenyewe vikifika hapa huwa ghali mno, hivyo anayejua mahali pa kuzisoma hadithi hizi bila malipo atakuwa ametusaidia sana.

La pili ni hoja ya mwenzetu mmoja, mwalimu mstaafu wa fasihi, ambaye hasiti kusema kwamba hadithi fupi za Marekani ya leo zote zimefyatuliwa katika kalibu moja. Anadai kwamba zinaandikwa vyuoni na watu waliofundishwa na walimu walewale, na matokeo yake ni sentensi safi zisizo na kosa wala joto, wahusika wanaojitafakari mchana kutwa, na mwisho unaokatika pale ambapo mambo ndiyo kwanza yanaanza. Nampa heshima yake, lakini nashuku kwamba hajazisoma nyingi. Mwenye hoja ya kumjibu, au ya kumuunga mkono, naomba aitoe kwa mifano.

Mkutubi wa Columbus

Ndugu Msomaji, nitalijibu swali la kwanza, kwa kuwa la pili lina wenyewe.

Anayemtambua mwandishi mpya ni mhariri wa jarida dogo, mara nyingi mtu asiyelipwa au anayelipwa kidogo sana, ambaye jioni baada ya kazi yake ya mchana huketi kusoma miswada iliyotumwa na watu asiowajua. Marekani ina mamia ya majarida ya namna hiyo, na mengi yanalelewa na vyuo vikuu: Kenyon Review lilianzishwa 1939, The Southern Review la Louisiana 1935, na Ploughshares lilianzia katika eneo la Boston mwaka 1971. Wasomaji wake si wengi, ila miongoni mwao wamo mawakala wa waandishi na wahariri wa mashirika makubwa ya uchapishaji, ndiyo maana hadithi moja iliyotokea mahali panapofaa inaweza kumpatia mtu asiyejulikana mkataba wa kitabu. The New Yorker, ambalo sehemu yake ya hadithi imekuwa mikononi mwa Deborah Treisman tangu 2003, lina wasomaji wengi kuliko yote hayo, lakini mara nyingi jina linapofika huko huwa limeshapita kwingine.

Jarida ninalolipenda zaidi ni One Story la Brooklyn, lililoanzishwa mwaka 2002. Kila toleo ni kijitabu chembamba chenye hadithi moja tu, na mwandishi akishachapishwa humo mara moja harudi tena. Sharti hilo laonekana dogo, lakini matokeo yake ni kwamba wahariri hawawezi kujificha nyuma ya majina makubwa waliyokwisha kuyazoea. Kila toleo linawalazimu kumtafuta mtu mwingine.

Juu ya majarida kuna mikusanyiko ya mwaka. The Best American Short Stories ilianza 1915, na tangu 1978 kila mwaka hualikwa mwandishi mmoja mashuhuri kufanya uteuzi wa mwisho wa hadithi ishirini hivi. Wengi huzisoma hadithi hizo kisha wakakiweka kitabu rafuni, ilhali sehemu yenye manufaa zaidi kwa mtu kama wewe ni kurasa za nyuma, ambako hutajwa hadithi nyingine nyingi zilizokaribia kuchaguliwa pamoja na majarida zilikotoka. Humo ndimo utakamokuta majina ambayo hayajaanza kupigiwa tarumbeta. Mkusanyiko wa Tuzo ya O. Henry, ambao ni wa tangu 1919, ulibadilishwa mwaka 2021: Chimamanda Ngozi Adichie alialikwa kuwa mteuzi wa kwanza katika utaratibu mpya, na hadithi zilizotafsiriwa kwa Kiingereza zikaruhusiwa kushindana na zile zilizoandikwa kwa Kiingereza. Upo pia mkusanyiko wa Pushcart, tangu 1976, unaochota kutoka kwa wachapishaji wadogo peke yao.

Lakini kwa neno chipukizi katika maana yake halisi, tazama Tuzo ya PEN/Robert J. Dau. Tangu 2017 imekuwa ikiwapa waandishi kumi na wawili kwa mwaka dola 2,000 kila mmoja, na sharti ni kwamba hadithi iwe ndiyo ya kwanza kabisa kwa mwandishi huyo kuchapishwa. Wahariri wa majarida ndio wanaowapendekeza, hivyo tuzo hiyo humheshimu pia mtu aliyeuona mswada kwanza.

Nisije nikachora picha nzuri kupita kiasi. Majarida haya yanakufa. Glimmer Train, lililoendeshwa na dada wawili huko Oregon na lililowapokea kwa moyo watu wasiowahi kuchapishwa popote, lilifungwa 2019. Mwaka huohuo Tin House likasitisha jarida lake na kubaki na uchapishaji wa vitabu. Na mwaka 2023 chuo kilichokuwa kikiligharimia Gettysburg Review kikaamua kulifunga. Yaliyobaki mengi hutoza ada ya takriban dola 3 kwa kila mswada unaotumwa kwa mtandao. Kwa mtu mwenye mshahara hiyo ni fedha ya kahawa, lakini mwandishi asiye na kipato anayetuma hadithi yake kwa majarida thelathini ili moja likubali, jambo ambalo ni la kawaida kabisa, huiona tofauti.

Kuhusu kusoma bila malipo, Electric Literature wanayo sehemu iitwayo Recommended Reading, ambayo tangu 2012 hutoa hadithi moja kila wiki, ikitanguliwa na utangulizi wa mwandishi au mhariri mwingine anayeeleza kwa nini ameipenda. The New Yorker nao wana kipindi cha sauti cha kila mwezi, tangu 2007, ambamo mwandishi huchagua hadithi ya mwenzake kutoka katika jarida hilo, akaisoma yote, kisha akaijadili na Treisman. Kwa kikundi cha usomaji kipindi hicho kinafaa sana, kwa sababu mnaweza kusikiliza pamoja na kuanza kubishana palepale mlipo.

Fundi wa Tungo

Mkutubi ametuonyesha jinsi mitambo inavyozunguka, nami namshukuru, ila sidhani kama kikundi cha usomaji kinahitaji kujua sana ni mhariri gani anamjua wakala gani. Ushauri wangu ni kuchagua kwa mahali. Jambo lililobadilika zaidi katika hadithi fupi za Marekani miaka hii ni mitaa inayoandikwa. Msomaji wa zamani alizoea vitongoji vya watu weupe wenye nyasi zilizokatwa vizuri na ndoa zinazovunjika kimyakimya. Msomaji wa sasa anapelekwa Stockton, Houston, Denver, au kisiwa cha Wapenobscot, mojawapo ya jamii za wenyeji wa asili wa Marekani, kilichomo mtoni huko Maine.

Anzeni na Anthony Veasna So. Wazazi wake walikuwa Wakhmer, yaani watu wa jamii kubwa ya Kambodia, walionusurika katika utawala wa Khmer Rouge uliowaua watu wengi mno huko miaka ya 1970, naye akazaliwa Stockton, California, mwaka 1992. Alifariki Desemba 2020 akiwa na umri wa miaka 28, na kitabu chake cha kwanza, Afterparties, kikatoka Agosti iliyofuata. Hadithi inayokifungua kitabu, "Three Women of Chuck's Donuts", ilikuwa imeshatoka katika The New Yorker mapema mwaka 2020. Mama mmoja, Sothy, ana duka la donati linalofunguliwa usiku kucha katikati ya mji, na binti zake wawili, Tevy wa miaka 16 na Kayley wa miaka 12, hukesha naye dukani. Duka linaitwa Chuck's, lakini hakuna mtu anayeitwa Chuck wala hajawahi kuwepo. Mama alilichagua jina hilo kwa sababu aliliona la Kimarekani kiasi cha kuvuta wateja. (Maduka mengi ya donati California yanamilikiwa kweli na watu wenye asili ya Kambodia.) Basi anaanza kuja mwanamume mmoja usiku baada ya usiku, ananunua andazi la tufaha, anakaa nalo mezani, halili. Wale wasichana wanaanza kujiuliza kama ni Mkhmer mwenzao, na kutokana na swali hilo dogo wanajikuta wakijiuliza Mkhmer ni mtu wa namna gani, baba yao aliyewaacha alikuwa nani, na wao wenyewe, waliozaliwa mbali na nchi hiyo, ni nani.

Angalieni ustadi uliopo. Mauaji ya Kambodia yamo katika kila ukurasa na karibu hayasimuliwi. Mwandishi wa kiwango cha chini angetuletea bibi kizee wa kuyaeleza yote tangu mwanzo hadi mwisho, tukalia, tukasahau. So anatuachia andazi lisiloliwa na wasichana wawili wanaofanya utani juu yake, na utani ndio silaha yake kubwa. Kitabu chake kinachekesha, tena kwa matusi mahali pengine, hivyo mjiandae.

Wa pili ni Morgan Talty, raia wa Taifa la Wapenobscot, na kitabu chake Night of the Living Rez cha mwaka 2022. Ni hadithi kumi na mbili zinazosimuliwa na mtu mmoja, David, wakati mwingine akiwa mtoto na wakati mwingine akiwa kijana aliyekwishapotea njia. Ya kwanza, "Burn", ina kurasa chache sana. Usiku wa baridi kali, msimulizi anamkuta rafiki yake Fellis amelala nje, amelewa, na msuko wa nywele zake umegandia ardhini kwenye theluji. Hawezi kuung'oa, kwa hiyo anaukata. Wakishafika nyumbani inawabidi waufikirie ule msuko uliobaki kule, kwa sababu nywele za mtu hazitupwi ovyo. Zinafaa kuchomwa, zisije zikafikiwa na visivyofaa kuzifikia. Msomaji wa pwani hahitaji kuelezwa hilo mara mbili. Tukio zima ni la kuchekesha na la kutisha kwa wakati mmoja, na halina hata sentensi moja ya kumfundisha mgeni juu ya utamaduni wa watu hawa. Talty anaandika kana kwamba msomaji wake ni jirani.

Mtakuwa pia na Lot cha Bryan Washington, cha 2019, ambacho hadithi zake nyingi zimepewa majina ya mitaa na vitongoji vya Houston, na Sabrina & Corina cha Kali Fajardo-Anstine, cha mwaka huohuo, juu ya wanawake wa Denver wenye asili ya Kilatino na ya wenyeji wa kale wa nchi hiyo. Kwangu mimi Lot ni kitabu kisicho sawasawa, chenye hadithi mbili tatu nzuri mno na nyingine zilizopita haraka kabla hazijaiva, lakini nawajua wasomaji wazuri wanaokiona bora kuliko vyote nilivyovitaja.

Mwalimu wa Morogoro

Mimi siye yule mwalimu mstaafu, lakini nitamtetea kidogo kabla sijamwacha.

Anachokisema kina msingi. Warsha ya uandishi ya Chuo Kikuu cha Iowa ilianzishwa mwaka 1936, na mfumo wake ukaenea nchi nzima: wanafunzi wachache huketi kuizunguka meza, kila mmoja ameisoma hadithi ya mwenzao mmoja, nao wanaichambua huku mwenyewe akiwa amenyamaza. Leo wengi wa waandishi chipukizi wanaotajwa wana shahada ya uzamili ya uandishi, So na Talty wakiwemo. Mtu aliyekalia kiti hicho miaka miwili au mitatu hujifunza kuondoa kila kitu ambacho wenzake wangekinyoshea kidole, na mtu akiondoa kila kinachoweza kunyoshewa kidole hubakiwa na hadithi isiyo na kosa, ambayo hiyo pekee si sifa. Nimezisoma hadithi za namna hiyo nyingi tu katika mikusanyiko ya mwaka aliyoitaja Mkutubi, na nikifunga kitabu sizitofautishi. Liko pia suala la nani anayeweza kumudu miaka hiyo, hata pale ambapo chuo kinamlipia.

Hata hivyo, mzee wetu anakosea anapodhani kwamba warsha ndiyo inayoamua kila kitu. Mchukueni Nana Kwame Adjei-Brenyah, mtoto wa wahamiaji kutoka Ghana, aliyekulia Spring Valley katika jimbo la New York, akasoma Chuo Kikuu cha Syracuse chini ya mwandishi mashuhuri wa hadithi fupi George Saunders, yaani katika kitovu chenyewe cha mfumo huo. Kitabu chake cha kwanza, Friday Black, kilitoka 2018, na hadithi ya kwanza humo inaitwa "The Finkelstein 5". Mzungu mmoja amewaua watoto watano weusi kwa msumeno wa mashine nje ya maktaba huko South Carolina, na mahakama imemwachia huru baada ya yeye kusema kwamba alikuwa akiilinda familia yake. Kijana Emmanuel anaishi katika siku zinazofuata hukumu hiyo, na anaishi akipima weusi wake kwa alama hadi kumi, akiupandisha na kuushusha kadiri anavyohitaji. Akiongea kwa simu na mtu anayetaka kumwita kwenye usaili wa kazi, anaweza kuushusha hadi 1.5, kwa kuwa sauti peke yake inatosha kubadilishwa. Akionekana kwa macho, hata akivaa tai, akitabasamu na kuongea polepole, hawezi kushuka chini ya 4.0.

Nambari hizo ndizo zinazonifanya nikirudie kitabu hiki. Mwandishi mwingine angetueleza jinsi kijana huyu anavyoumia. Adjei-Brenyah anatupa kipimo, tena chenye desimali, kikitamkwa bila hasira kama mtu anayesoma joto la homa, na hasira yote inabaki kwetu. Tunaambiwa kwamba Emmanuel alijifunza kutabasamu akiwa amekasirika kabla hajajifunza kugawanya namba ndefu shuleni. Sasa mwambie mwalimu wako aitafute hapo sentensi isiyo na joto. Katika hadithi nyingine za kitabu hicho kuna bustani ya burudani ambamo wateja hulipa ili waigize kumpiga risasi mtu waliyemshuku, na kuna duka la nguo ambamo wanunuzi wa siku ya punguzo hukanyagana hadi kufa huku wauzaji wakiendelea na kazi. Tashtiti ya namna hii haikutokana na somo la darasani peke yake. Mwandishi mwenyewe aliwahi kufanya kazi katika maduka.

Kwa upande wa pili yupo Deesha Philyaw, aliyekulia Jacksonville, Florida, akasomea uchumi katika Chuo Kikuu cha Yale, wala si uandishi. The Secret Lives of Church Ladies kilitolewa mwaka 2020 na mchapishaji mdogo wa Chuo Kikuu cha West Virginia, kina hadithi tisa tu, na kabla mwaka haujaisha kilikuwa miongoni mwa vitabu vitano vya mwisho katika Tuzo ya Taifa ya Vitabu ya Marekani. Mwaka uliofuata kikatwaa Tuzo ya PEN/Faulkner. Someni "Peach Cobbler". Mama anaoka kitindamlo cha mapichi kwa ajili ya mchungaji anayekuja nyumbani kwa siri, na binti yake mdogo, Olivia, kwa yale anayoyasikia mama akiyatamka nyuma ya mlango, anaamini kwamba mgeni huyo ni Mungu mwenyewe. Mtoto haruhusiwi kukionja kitindamlo hicho hata kijiko kimoja. Anajifunza kukipika kwa kutazama tu. Nilipoisoma nilijisemea kwamba waumini wa makanisa mengi ninayoyajua hapa wangewatambua wahusika wote kabla ya ukurasa wa tatu.

Nami ninalo onyo juu ya jinsi sauti mpya inavyoweza kupigiwa kelele hadi isisikike. Desemba 2017 The New Yorker lilichapisha "Cat Person" ya Kristen Roupenian, hadithi ya mwanafunzi wa chuo na mwanamume aliyemzidi umri kwa zaidi ya miaka kumi, na uchumba wao uliojengwa zaidi kwa ujumbe wa simu kuliko kwa kukutana. Ilisambaa mitandaoni kuliko hadithi fupi yoyote ya miaka hiyo, na wasomaji wengi waliibishania kana kwamba ni makala ya kweli, wakimhukumu mhusika huyu au yule badala ya kuitazama hadithi. Mwandishi akapata mkataba wa zaidi ya dola milioni moja kwa vitabu viwili. Cha kwanza kikatoka 2019 na kikapokewa kwa ubaridi, kwa sababu kila mtu alikuwa akiitafuta humo ile hadithi moja. Mwaka 2021 mwanamke mmoja akaandika katika jarida la Slate kwamba mambo mengi madogo ya maisha yake, kama mji wake na kazi aliyoifanya, yalitumiwa katika hadithi hiyo. Mimi naiona "Cat Person" kuwa hadithi iliyosukwa vizuri, hasa katika namna inavyotufungia ndani ya mawazo ya msichana hata tusijue kama mwanamume huyo ni mbaya au ni mpumbavu tu, lakini nisingewashauri muanze nayo. Mtajadili mitandao, hamtajadili fasihi.

Msomaji wa Tudor

Nawashukuru nyote kwa moyo mkunjufu. "Burn" na "Peach Cobbler" nimeshaziweka katika ratiba, na nitamwomba mwalimu wetu mwenyewe aongoze mjadala wa "The Finkelstein 5", aone atakavyojitetea.

Limebaki swali moja. Wenzangu kadhaa wanauliza kama miongoni mwa sauti hizi mpya wapo waliotoka upande wetu wa Afrika, au angalau jirani zetu. Sipendi kuwachagua kwa sababu ya asili tu, lakini ingependeza kuona mtu anayeijua miji ya huku anaandika vipi akiwa kule.

Mkutubi wa Columbus

Yupo Meron Hadero, aliyezaliwa Addis Ababa na kuhamia Marekani akiwa mtoto, akipitia Ujerumani. Kitabu chake A Down Home Meal for These Difficult Times kilitoka 2022, na hadithi yake "The Street Sweep" ndiyo iliyomfanya awe mtu wa kwanza wa Ethiopia kushinda Tuzo ya Caine ya hadithi fupi za waandishi wa Afrika, mwaka 2021. Getu, kijana wa miaka 18 anayefagia mitaa ya Addis, anajiandaa kwenda katika hoteli ya Sheraton kwenye tafrija ya kumuaga bwana mmoja wa shirika la misaada, ambaye Getu anaamini kwamba amemwahidi kazi. Mama yake haamini. Utamwona kijana akihangaika kupata vazi la kumpitisha mlangoni, kisha akiwa ndani utamwona anajifunza kwa haraka kwamba maneno ya ukarimu yanayosemwa na watu hao humaanisha kitu tofauti kabisa na alichokielewa. Sitasema anaifanyia nini elimu hiyo.

Kuna jambo linaloihusu hoja yangu ya kwanza ambalo nalitaja hapa kwa sababu watu hulisahau. "The Street Sweep" ilichapishwa mara ya kwanza na ZYZZYVA, jarida dogo la San Francisco. "Skinned" ya Lesley Nneka Arimah, iliyoshinda Tuzo ya Caine mwaka 2019, ilitoka katika jarida la McSweeney's, la San Francisco pia. Na "Hitting Budapest" ya NoViolet Bulawayo wa Zimbabwe, iliyoshinda 2011, ilitoka katika Boston Review. Kwa maneno mengine, tuzo hii ya hadithi za waandishi wa Afrika, inayoendeshwa kutoka Uingereza, imewaendea angalau mara tatu watu ambao mhariri wa jarida la Marekani ndiye aliyezichapisha kwanza hadithi zao zilizoshinda. Wako wanaolifurahia jambo hilo na wako wanaoliona kuwa ni dosari, kwa kuwa mhariri huyo huchagua kwa jicho la wasomaji wake na si la wasomaji wa Addis au wa mji wa Bulawayo huko Zimbabwe. Kikundi chako kikitaka mada ya jioni nzima, hiyo inatosha.

Arimah naye msimwache. Mama na baba zake ni Wanigeria, na What It Means When a Man Falls from the Sky cha mwaka 2017 kina hadithi zinazoanza katika jikoni la kawaida na kuishia katika ulimwengu ambamo mwanamke anaweza kujifumia mtoto kwa nywele au uzi.

Fundi wa Tungo

Nakubaliana kuhusu Hadero, na ningemweka mwanzo kabisa wa ratiba, kabla hata ya Talty, kwa sababu "The Street Sweep" inasimuliwa kwa mpangilio wa moja kwa moja ambao hautamtisha mtu asiyezoea hadithi za siku hizi. "The Finkelstein 5" iwekeni baadaye, na waambieni mapema wenye vijana wadogo watakaokuja nao kwamba ina damu nyingi.

Jambo moja la mwisho kuhusu kuchagua. Waandishi kadhaa tuliowataja wamekwisha kutoa riwaya: Washington mwaka 2020, Fajardo-Anstine 2022, Adjei-Brenyah 2023, Talty 2024. Wachapishaji wa Marekani hupenda kuuza mkusanyiko wa hadithi fupi kama ahadi ya riwaya itakayofuata, na wahakiki nao hufuata mkumbo, wakikisoma kitabu cha kwanza kama mazoezi. Ukikuta uhakiki wa aina hiyo wakati unaandaa vikao, uruke. Night of the Living Rez hakikuwa mazoezi ya kitu chochote.

Mwalimu wa Morogoro

Naunga mkono Hadero atangulie. Na ukiweza, Ndugu Msomaji, zisomeni hadithi fupi zaidi kwa sauti hapohapo kikaoni, hasa "Burn", ambayo haitawachukua hata robo saa. Yule mzee akiendelea kusema kwamba zote ni za kalibu moja baada ya kuisikia, mwombe atutajie nyingine inayofanana nayo, nami nitaitafuta niisome.